Tupeni Karatasi, Kelele Tunazo

Kila siasa zinapopamba moto nchini, ubishi uleule hurudi. Wapo wanaoapa kwamba simu imempa mwananchi nguvu ambayo hajawahi kuwa nayo tangu Uhuru. Wapo wanaosema imetuletea matusi, uongo na watoto wasiolala. Ukiwasikiliza vizuri utagundua wote wanazungumzia kelele, ila mmoja anazipenda na mwenzake zimemchosha. Mimi nina maoni mengine. Faida kubwa ambayo intaneti imeiletea siasa ya Kenya ni karatasi: fomu za matokeo, miswada, orodha za jinsi wabunge walivyopiga kura, mambo ambayo zamani yalifungiwa kabatini na leo mama mboga anaweza kuyasoma akisubiri mteja. Pale karatasi zilipofunguliwa, wakubwa walibanwa wakabanika. Pale zilipofichwa, tumepiga kelele hadi tumekauka koo na mambo yakaendelea vilevile.

Nina saiba, duka la intaneti na kopi, mtaani Umoja hapa Nairobi, si mbali na soko la Mutindwa. Kazi ni hizi za kila siku: kufaili ritani za kodi za KRA, kufungua akaunti za eCitizen, ile tovuti ya huduma za serikali, kutoa kopi za vitambulisho, kupanga CV za vijana wanaotafuta ajira. Uzuri wa saiba ni kwamba mtu hulipia kila ukurasa. Mtandaoni watu husambaza chochote kwa kuwa ni bure. Mtu akitoa shilingi kumi mfukoni ili apate ukurasa mmoja mkononi, jua anautaka kweli.

Chukua Agosti 2022. Tulipiga kura Jumanne tarehe 9, matokeo ya urais yakatangazwa ukumbi wa Bomas tarehe 15. Katika zile siku za katikati, nchi ikiwa imeshika roho mkononi, tume ya uchaguzi, IEBC, ilikuwa ikiweka kwenye tovuti yake picha za Fomu 34A, moja baada ya nyingine. Fomu 34A ndiyo hesabu ya kituo cha kupigia kura: msimamizi huijaza usiku ule ule, mawakala wa wagombea hutia sahihi, na nakala hubandikwa mlangoni pa kituo. Vituo vilikuwa 46,229. Yeyote mwenye bando angeweza kufungua fomu ya kituo chochote, kuanzia Turkana hadi Lunga Lunga, na kujumlisha mwenyewe. Na Mahakama ya Rufaa ilishasema mwaka 2017 kwamba matokeo ya kituoni ndiyo ya mwisho, hakuna mtu wa Nairobi wa kuyarekebisha. Kwa hiyo aliyekuwa na fomu alikuwa na uchaguzi wenyewe mkononi.

Mzee mmoja wa mtaa wetu, karani mstaafu, alikuja na jina la shule aliyopigia kura limeandikwa kwenye kipande cha bahasha. "Kijana, hebu nitolee hii." Nilipompa ukurasa hakuanza na jina la mgombea wake. Alianzia chini: sahihi za mawakala, muhuri, sahihi ya msimamizi. Ndipo akapanda juu na kalamu yake akajumlisha kura za wagombea wote wanne, Raila, Ruto, Wajackoyah na Mwaure, akalinganisha na jumla iliyoandikwa. Akahesabu tena. "Hapa sawa. Sasa nipe ya kule nyumbani." Tukaitafuta ya kijijini kwao, akaikagua vivyo hivyo, akalipa, akakunja zote mbili akatia mfuko wa koti. Matokeo yalipotangazwa na mtu wake akawa ameshindwa, mzee alinuna kama walivyonuna wengi hapa Umoja. Lakini sikumsikia hata siku moja akisema kituo chake kiliibiwa.

Hilo kwangu ni kubwa kuliko heshitegi yoyote iliyowahi kuvuma nchini. Tofauti ya kura kati ya Ruto, aliyetangazwa mshindi, na Raila ilikuwa 233,211 tu katika nchi yenye wapigakura milioni 22 waliosajiliwa. Tofauti ndogo kama hiyo, mwaka 2007, ilitupeleka kwenye makaburi. Wakati ule matokeo yalitoka kwenye chumba kimoja cha jumba la mikutano la KICC, matangazo ya moja kwa moja yakapigwa marufuku, na mwananchi hakuwa na la kushika isipokuwa ujumbe wa simu uliotumwa na asiyemjua. Samuel Kivuitu aliyeongoza tume mwenyewe alikuja kuwaambia wanahabari kwamba hajui kama Kibaki, aliyemtangaza mshindi, alishinda. Watu zaidi ya 1,100 walikufa. Wataalamu wachache wa kompyuta wa humu nchini wakaunda tovuti ya Ushahidi mapema Januari 2008 ili taarifa za mashambulizi zionekane kwenye ramani, kazi nzuri ambayo baadaye ilitumika Haiti baada ya tetemeko la 2010. Ila Ushahidi ulikuja kuhesabu majeruhi. Fomu za kuhesabu kura hazikuwa mikononi mwa watu.

Na usidhani kuweka tarakimu mtandaoni kunatosha. Mwaka 2017 tume ilituonyesha tarakimu zikikimbia kwenye skrini usiku kucha, nzuri, za rangi, ilhali maelfu ya Fomu 34A hazikuonekana hata baada ya mshindi kutangazwa. Upinzani ukaenda Mahakama ya Juu, majaji wakaagiza mitambo ya tume ifunguliwe ikaguliwe, tume ikasuasua, na tarehe 1 Septemba Jaji Mkuu David Maraga na wenzake watatu wakafuta uchaguzi wa urais. Miaka mitano baadaye tume ikaja na karatasi zenyewe. Kesi ilifunguliwa tena, madai mazito yakatolewa kwamba fomu za tovuti zilichezewa, mahakama ikalinganisha na nakala halisi, ikasema haikuona tofauti ya maana. Unaweza kuikubali hukumu hiyo au kuikataa, lakini walau ubishi ulihusu kitu kilichopo mezani.

Ni kweli vyombo vya habari vilituchanganya mwaka huo wa 2022. Kila runinga ilianza kujumlisha fomu kwa mpangilio wake, huku Ruto akiongoza, kule Raila akiongoza, saa ile ile, mpaka mmoja baada ya mwingine wakaacha kujumlisha. Watu waliwatukana. Mimi nilifurahia fujo ile. Afadhali runinga nne zinazopingana kuhusu hesabu unayoweza kuikagua kuliko moja inayokutangazia usichoweza.

Sasa Juni 2024. Hadithi inayosimuliwa ni kwamba vijana wa TikTok na X waliamka wakaandamana. Hadithi hiyo inaruka sehemu niliyoiona kwa macho yangu, kwamba kabla ya kuandamana walisoma. Mswada wa Fedha, ule wa kodi za mwaka, ulikuwa mtandaoni, kurasa nyingi za Kiingereza cha mawakili, na kwa wiki kadhaa watu waliuchambua kipengele kwa kipengele: kwa Kikuyu, kwa Dholuo, kwa Kikamba, kwa Sheng, hata kwa lugha ya ishara. Dereva mmoja wa teksi za programu alikuja saiba akasema, "Nitolee ile ya gari pekee, hayo mengine wasome wenyewe." Ilikuwa kodi ya asilimia 2.5 ya thamani ya gari kila mwaka, isipungue shilingi 5,000, isizidi 100,000. Akapiga hesabu papo hapo kwa simu: gari lake la laki nane lingedaiwa elfu ishirini, na halijalipiwa mkopo. Hakuhitaji mtu wa kumchochea. Ukurasa ulishamchochea.

Ndiyo maana serikali ilianza kulegea mapema. Tarehe 18 Juni, siku ya maandamano ya kwanza, kodi ya mkate na ile ya gari zilikuwa zimeshaondolewa. Tarehe 20 wabunge wakaupitisha mswada katika hatua ya pili kwa kura 204 dhidi ya 115, na jioni ile orodha ya majina ilikuwa kwenye kila simu. Zamani mbunge angepiga kura ya ndiyo Nairobi na kurudi kijijini Jumamosi akisema alipinga. Safari hii watu wa kanisani kwake walikuwa na orodha. Tarehe 25 ukapita tena, 195 kwa 106, bunge likavamiwa, risasi zikalia, na kesho yake Rais akatangaza kwamba hatautia sahihi.

Kuhusu zile namba za simu za wabunge zilizosambazwa ili wapigiwe na kutumiwa ujumbe, sikuzipenda. Najua wengi wataniita mwoga. Lakini mtu akipokea ujumbe elfu tatu hasomi hata mmoja, na laini hizo zinapigiwa pia na watoto wake. Orodha ya kura ilitosha kabisa.

Kilichofuata ndicho kinachoniuma. Tarehe 5 Julai Rais alijiunga na mazungumzo ya sauti kwenye X, zaidi ya watu laki moja wakasikiliza, vijana wakamwuliza maswali ambayo hakuna mwandishi wa Ikulu angethubutu kuuliza. Tulijiona tumefika. Hata hapa saiba niliweka spika, watu wakasimama mlangoni. Lakini ukiniuliza leo ni ahadi gani ya usiku ule iliyoandikwa mahali ambapo unaweza kuidai, sina la kukuonyesha. Sauti ilikwenda na upepo. Desemba hiyo hiyo, tarehe 11, Rais akatia sahihi Sheria ya Marekebisho ya Sheria za Kodi, na baadhi ya mapendekezo yaliyokuwa kwenye mswada ule uliokataliwa yakarudi kupitia humo. Si ya mkate wala ya gari, hayo wangethubutu? Yalikuwa yale yasiyosomeka haraka. Karatasi ilikuwepo mtandaoni kama ile ya Juni. Heshitegi zilikuwa zimeenda Krismasi. Hakuna aliyekuja kwangu kutoa kopi.

Hapo ndipo ninapogombana na marafiki zangu wa mtandaoni. Wanaamini kilichoshinda Juni ni wingi wa sauti, na kwamba tukipiga kelele tena kwa nguvu ile tutashinda tena. Lakini kelele hata upande wa pili wanazo, tena za kununua. Mwaka 2021 utafiti wa Mozilla uliofanywa na Odanga Madung na Brian Obilo ulionyesha jinsi vijana walivyolipwa dola 10 hadi 15 kwa kampeni moja ili kuvumisha heshitegi za kuwachafua majaji na wanaharakati waliopinga BBI, ule mpango wa kurekebisha Katiba. Kwa bei hiyo, mwenye pesa anaweza kununua uvumi wa wiki nzima asihisi kitu. Siku hizi hata vijana wenyewe hawahitajiki, mashine inaandika. Ushindani wa kelele mwananchi hauwezi, na akishinda leo kesho atalala, lakini mwenye bajeti ya kampeni halali. Fomu yenye sahihi na muhuri haivumi, hailipiwi, na ukiitukana haibadiliki.

Serikali inalijua hilo kuliko sisi. Tazama walichokiogopa mwaka 2025. Rose Njeri, mtengenezaji programu, aliunda ukurasa mdogo wa mtandaoni: unabonyeza, barua pepe yako ya kupinga vipengele vya Mswada wa Fedha wa 2025 inakwenda bungeni. Bunge lenyewe huomba maoni ya wananchi kwa barua pepe kila mwaka. Katiba, kifungu cha 118, inalilazimisha kushirikisha umma. Alikamatwa tarehe 30 Mei 2025, akakaa seli wikendi nzima ya sikukuu ya Madaraka, akashtakiwa chini ya sheria ya makosa ya mtandaoni ya 2018 kana kwamba amevamia mitambo. Tarehe 20 Juni hakimu akatupa mashtaka hayo. Kwenye X wakati huo kulikuwa na watu wanaomtukana Rais usiku na mchana kwa maneno nisiyoweza kuyaandika hapa. Aliyebebwa ni mwanamke aliyerahisisha kazi ya kupeleka maoni mahali yanapotakiwa kisheria.

Sisemi wanaopaza sauti hawalipi gharama. Albert Ojwang, mwalimu, alikamatwa Homa Bay tarehe 7 Juni 2025 kwa sababu ya maandishi ya mtandaoni kuhusu afisa mkuu wa polisi, na kesho yake alikuwa amekufa katika kituo cha polisi cha Central hapa Nairobi. Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu ilihesabu visa 82 vya watu kutekwa kuanzia Juni hadi Desemba 2024. Oktoba 2025 sheria ile ya 2018 ikaongezewa makali, na wiki moja baadaye Mahakama Kuu ikasimamisha baadhi ya vifungu vyake. Kila nikiandika kitu kama hiki mke wangu huniuliza kama nimefikiria vizuri. Kwa hiyo sitaki mtu yeyote achukue maneno yangu kuwa dharau kwa waliothubutu. Ninachosema ni kwamba ujasiri mkubwa kiasi hicho unastahili kuacha kitu kinachoshikika.

Na vitu vinavyoshikika, katika mambo ya karibu nasi, bado vimefungiwa. Mwaka juzi nilitaka kujua mradi wa taa za barabarani wa eneo letu uligharimu kiasi gani na nani alipewa kandarasi. Niliandikia ofisi moja ya umma, sitaitaja. Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 inawapa siku 21 kukujibu. Muda ukapita kimya. Nilipokwenda mwenyewe, dada wa mapokezi, mpole kabisa, akaniuliza, "Wewe ni mwandishi wa habari ama?" Nikamwambia mimi ni mkazi. Akaonekana kunihurumia. Baada ya kusukumana nikatumiwa faili: picha zilizopigwa kwa simu, zimelala upande, ukurasa wenye jedwali la malipo umekatwa katikati na kidole cha mpiga picha kinaonekana pembeni. Kidole nilikisoma vizuri kuliko tarakimu.

Ukitaka kujua kwa nini watu wa Nairobi hawahudhurii vikao vya maoni ya umma, anzia hapo. Tangazo hutoka kwenye gazeti ambalo hakuna mtu mtaani anayelinunua, kikao ni siku ya kazi asubuhi, na nyaraka ya kujadiliwa utaipata ukifika, nakala tatu za watu themanini. Wanaokuja ni walewale, wengine wameletwa na mheshimiwa diwani na watakula chakula. Halafu ripoti inaandika kwamba umma ulishirikishwa. Mahakama ya Rufaa ilijaribu kuwa kali juu ya hili Julai 2024 ilipobatilisha Sheria ya Fedha ya 2023, ikitaka Bunge lieleze limefanya nini na maoni ya watu. Mahakama ya Juu ikaipindua hukumu hiyo Oktoba. Tukabaki na haki ya kusema, bila haki ya kujibiwa.

Huku nyuma, grupu letu la WhatsApp la mtaa lina siasa nzito kuliko unavyodhani: maji yamekatika, taka hazijazolewa, walinzi wameongeza ada. Kuna mtu hutuma picha ya bomba lililopasuka, wengine kumi wanaongeza hasira, wawili wanaweka aya za Biblia, na mmoja lazima afowadi ule ujumbe wa dawa ya limau. Jioni bomba bado linamwaga. Siku moja tu grupu hilo liliwahi kufanya kazi: pale mwenyekiti wa chama cha wakazi alipoweka nakala ya mkataba wa kampuni ya taka, tukaona imeandikwa mara mbili kwa wiki. Tuliituma kwa msimamizi wao, kifungu kimezungushiwa kalamu nyekundu, bila tusi hata moja. Lori likaja Ijumaa, na Jumanne likaja tena.

Kuna jambo moja ambalo skrini haitalifanya. Kura ya 2022 ilikuwa na vijana chini ya asilimia 40 ya waliosajiliwa, nchi hii ambayo ukitupa jiwe sokoni linampiga kijana. Usajili ulifunguliwa tena Septemba 2025, na ili usajiliwe lazima mwili wako ufike kwa kifaa cha IEBC, vidole vikaguliwe. Kila wiki kijana huniuliza kama naweza kumsajili hapa saiba kama ninavyomfanyia ritani. Namwambia apande matatu. Wengine hucheka wakidhani natania.

Uchaguzi ujao ni tarehe 10 Agosti 2027. Watu watakuuliza utamchagua nani. Mimi wagombea wangu wa wadi nitawauliza kabla sijawasikiliza: bajeti ya wadi yetu utaiweka wapi ili niisome? Kwa maandishi yanayosomeka kwenye simu ya bei nafuu, na siyo picha iliyolala. Jina la mradi, jina la mkandarasi, kiasi kilicholipwa, tarehe. Nairobi ina wadi 85, si kazi ya kumshinda mtu mwenye ofisi na karani. Anayekubali aandike, nitamtolea kopi ya ahadi yake bila malipo na kuibandika nje ya saiba, pembeni ya bei za kulamineti.